Plani ya Ujerumani 1914 ilifia wapi hasa? Tujadili vita ilivyoanza

Kichuguu77:

Wakuu habari za muda huu.

Nimekuwa nafuatilia sana jinsi Vita Kuu ya Kwanza ilivyoanza, na sizungumzii ile habari ya Sarajevo, mrithi wa kiti cha Austria kupigwa risasi tarehe 28 Juni 1914, hiyo shuleni tuliikariri wote ikaisha. Nazungumzia upande wa kijeshi wenyewe, zile plani zilizokuwa zimefungiwa kwenye makabati ya wanadhimu kabla risasi ya kwanza haijalia.

Kinachoniumiza kichwa ni Ujerumani. Schlieffen amekaa kwenye unadhimu mkuu kuanzia 1891 hadi mwanzoni mwa 1906, anaondoka anaacha waraka wa kuivamia Ufaransa kwa kuzungukia Ubelgiji, Moltke mdogo anaupokea, wanaukarabati mwaka baada ya mwaka. Wazo lenyewe linaeleweka hata kwa mtu ambaye hajawahi kuvaa gwanda: una maadui wawili, Mfaransa magharibi na Mrusi mashariki, Mrusi ana nchi kubwa na reli chache kwahiyo atachelewa kukusanya watu wake, basi mpige Mfaransa kwanza ndani ya wiki kama sita halafu pakia jeshi kwenye treni ukamkabili Mrusi. Kati ya majeshi yao nane wakapeleka saba magharibi, moja tu ndo likaachwa kulinda Prussia Mashariki.

Sasa tarehe 4 Agosti wanaingia Ubelgiji, tarehe 9 Septemba wanaanza kurudi nyuma kutoka mto Marne, na Paris walikuwa wameshaikaribia kabisa. Baada ya hapo ni mahandaki miaka minne.

Maswali yangu mawili. Kwanza, plani ilikuwa mbovu toka mwanzo au ni Moltke aliyeivuruga? Maana watu wengi wanamtupia yeye lawama zote. Pili, kwanini ile wiki ya mwisho ya Julai hakuna hata mmoja, awe Kaiser wa Ujerumani awe Tsar wa Urusi, aliyeweza kukanyaga breki?

Nawasilisha, wajuzi karibuni.

Mzee wa Behewa:

Mkuu Kichuguu umegusa mada ninayoipenda kuliko zote, ngoja nikujibu hilo la kwanza, la pili nawaachia wengine.

Jibu langu ni kwamba plani ilifia pale reli ilipoishia.

Anza na upande uliofanya kazi. Kati ya tarehe 2 na 18 Agosti daraja la Hohenzollern pale Cologne lilipitisha treni 2,150, kila moja ina mabehewa 54, yaani kwa wastani kila dakika kumi kuna treni inavuka mto Rhine, usiku na mchana, wiki mbili na zaidi. Ile ni kazi ya maofisa waliokaa na rula na saa miaka na miaka mpaka kila stesheni inajua treni ipi inapita saa ngapi, farasi wananyweshwa wapi, askari wanakula wapi. Nchi nzima iliingizwa kwenye ratiba moja na ratiba ikatii. Mtu akikwambia Wajerumani 1914 hawakujipanga, mwoneshe lile daraja.

Halafu treni zikafika mpakani, askari wakashuka, na kuanzia pale ni miguu tu.

Jeshi la Kwanza la von Kluck, ndo lililokuwa nje kabisa kwenye ubavu wa kulia, lilikuwa na watu kama 320,000, na kwa sababu liko nje ya mzunguko ndo lenye safari ndefu kuliko yote. Hawa watu walitembea wastani wa zaidi ya kilomita 20 kwa siku, wiki tatu mfululizo, jua la Agosti linawaka, mzigo mgongoni, buti zimeisha, na njiani wanapigana. Wengi wao walikuwa ni askari wa akiba, juzi tu walikuwa viwandani na maofisini.

Sasa njoo kwenye farasi, hapa ndo watu wengi wanaparuka. Jeshi la Kluck peke yake lilikuwa na farasi 84,000. Farasi hao wanahitaji karibu tani 900 za chakula kwa siku moja. Tani mia tisa, kesho tena mia tisa, keshokutwa tena. Utaibeba na nini kutoka stesheni iliyobaki huko nyuma? Mkokoteni unavutwa na farasi na huyo farasi naye anakula, kwahiyo kadri unavyozidi kwenda mbali ndo mzigo wenyewe unaliwa njiani. Malori yalikuwepo, machache, na mengi yalikuwa yameshaharibika kabla ya kufika Marne. Wabelgiji nao kabla ya kurudi nyuma walibomoa madaraja ya reli na njia zinazopita chini ya milima. Mwisho wakawa wanawalisha farasi nafaka mbichi za mashambani, farasi wakaugua, wakadhoofika. Farasi akishindwa mzinga unabaki nyuma, na wapanda farasi ndo waliokuwa macho ya jeshi, kwahiyo unaenda mbele huoni vizuri na hupigi vizuri.

Mwangalie na Mfaransa. Yeye anarudi nyuma ndiyo, lakini anarudi akielekea kwenye reli zake mwenyewe. Kila siku inayopita Mfaransa anazisogelea stesheni zake na Mjerumani anaziacha za kwake. Joffre, kamanda mkuu wa Ufaransa, akachukua vikosi kutoka upande wa mashariki kule Alsace na Lorraine, akavipakia kwenye treni, akavivusha nyuma ya mstari wake, akaunda jeshi jipya kabisa karibu na Paris, Jeshi la Sita chini ya Maunoury, likamwibukia Kluck ubavuni. Kluck anatembea, Joffre amepanda treni. Hilo Schlieffen alikuwa na uwezo wa kulipiga hesabu akiwa mezani kwake, na sioni mahali alipolipa uzito unaostahili.

LuteniUsu:

Mzee wa Behewa nakuheshimu sana ila hapo kwa Moltke umempitisha bila ushuru.

Reli sawa, farasi sawa, lakini kuna maamuzi ya mtu hapa. Tarehe 25 na 26 Agosti, vita ya magharibi iko motoni, Moltke anatoa vikosi viwili vikubwa kwenye ubavu uleule wa kulia anavipeleka Prussia Mashariki kwa sababu Warusi wameingia mapema kuliko ilivyotarajiwa. Ni kweli Prittwitz aliyekuwa kamanda kule alitetemeka baada ya Gumbinnen, tarehe 20, akataka kurudi mpaka nyuma ya mto Vistula, akaondolewa wakaletwa Hindenburg na Ludendorff. Lakini hao wawili walimmaliza Samsonov, jenerali wa Urusi, pale Tannenberg kati ya tarehe 26 na 30, wakakamata mateka kama 92,000, na vile vikosi viwili vya Moltke vilikuwa bado vipo ndani ya treni! Havikuwahi Tannenberg na havikuwepo Marne. Kama ni kosa la mnadhimu hilo ni la kufundishia darasani.

Na alikuwa wapi huyu bwana? Makao makuu Koblenz, baadaye Luxembourg. Majeshi yake yako mamia ya kilomita mbele, redio zinakwama kwama, meseji inafika imeshapitwa na wakati. Kluck akaamua mwenyewe kukata kona kwenda kusini mashariki, akapita mbele ya Paris badala ya kuizungukia, ndo akaacha ubavu wake wazi kwa huyo Maunoury. Alipogeuka kupambana naye likafunguka pengo la kama kilomita 40 kati yake na Bülow wa Jeshi la Pili, Waingereza na Wafaransa wakaanza kuingia humo. Unajua aliyekwenda kuamua hatma ya vita ile ni nani? Luteni kanali mmoja anaitwa Hentsch, katumwa na gari kuzungukia makao makuu ya majeshi na maagizo ya mdomo. Majenerali wenye malaki ya watu wanasubiri luteni kanali awaambie warudi au wabaki. Mkuu wa majeshi mzima hakwenda mwenyewe.

Tarehe 14 Septemba Moltke akawekwa pembeni, Falkenhayn akachukua kazi. Mimi nasema plani ilihitaji mtu mwenye roho ngumu na hakuwepo.

Mzee wa Behewa:

@LuteniUsu hilo la kutokwenda mwenyewe nakubaliana na wewe asilimia mia, hakuna wa kumtetea.

Lakini vile vikosi viwili, hebu nijibu, vingepita barabara gani? Ubavu wa kulia ulikuwa umejaa watu kiasi kwamba vikosi vinakanyagana, misafara ya chakula inagombania barabara na mizinga. Ukiongeza watu 80,000 huongezi nguvu, unaongeza midomo mahali ambapo chakula hakifiki. Na Schlieffen mwenyewe kwenye ule waraka wake wa mwisho alihesabu divisheni ambazo Ujerumani haikuwa nazo. Aliziweka kwenye karatasi, na zikamsaidia kwenye karatasi.

Halafu kuna hili la Uholanzi ambalo watu hawalisemi. Plani ya Schlieffen ilipita na kusini mwa Uholanzi pia. Moltke akaifuta hiyo, akasema Uholanzi ibaki huru ili vita ikiwa ndefu Ujerumani ipate pa kupitishia bidhaa za nje pindi Waingereza watakapofunga bahari. Ona jambo hilo lilivyo, mtu anaongoza plani ya kushinda ndani ya wiki sita huku moyoni anajiandaa na vita ndefu! Na matokeo yake ni kwamba jeshi zima la ubavu wa kulia sasa linabanwa kwenye mlango mmoja mwembamba, Liège, na ngome zake 12. Ikabidi Liège ishambuliwe siku za mwanzo kabisa, hata kabla jeshi halijamaliza kukusanyika. Mji waliushika mapema ila ngome ya mwisho ilianguka tarehe 16 Agosti, baada ya kuletwa ile mizinga mikubwa ya Krupp ya milimita 420 pamoja na ya Skoda ya 305 waliyoazima kwa Waaustria.

BintiWaRamani:

Nashukuru Mzee wa Behewa umefika Liège kwa sababu hapo ndo lilipo jibu la swali la pili la mleta mada.

Kwa nchi nyingine kuita askari wa akiba ilikuwa ni hatua, unaweza kuwaita watu wako wakakaa mpakani huku wanadiplomasia wanaendelea kuongea. Kwa Ujerumani haikuwa hivyo. Plani yao ilidai waingie Luxembourg na kuvamia Liège ndani ya siku za mwanzo kabisa, la sivyo hesabu yote ya wiki sita inaharibika. Maana yake wakishabonyeza kitufe cha kuita askari, hapohapo wameshaivamia nchi ambayo haijawakosea kitu, na ambayo kutokuwa na upande kwake kulikuwa kumedhaminiwa kwa mkataba wa 1839, Prussia wenyewe wakiwa miongoni mwa waliosaini. Hakuna kituo cha katikati.

Kwa Tsar Nicholas nako palikuwa na kitu kinachofanana. Alitaka aite sehemu tu ya jeshi, dhidi ya Austria peke yake, asimguse Mjerumani. Majenerali wake wakamwambia ukifanya hivyo ratiba ya kuita jeshi zima itavurugika na Mjerumani akija hatutakuwa tayari. Tarehe 29 Julai akakubali kuita wote, usiku akapata telegramu ya Kaiser, ndugu yake, akafuta amri. Tarehe 30 wakamkalia tena, waziri wake wa mambo ya nje Sazonov akiwa mstari wa mbele, akaikubali upya. Mtu mmoja anashikilia kalamu, anajua watu watakufa, na anaambiwa kila saa anayochelewa ni hatari. Mimi nikiisoma ile siku huwa namwonea huruma kwa kweli, pamoja na makosa yake yote.

Sasa njoo tarehe 1 Agosti, Berlin. Jioni hiyo Kaiser Wilhelm ameshasaini amri ya kuita jeshi, mara inaingia telegramu ya balozi wake London, Lichnowsky, inayoonesha kama vile Uingereza ipo tayari kuhakikisha Ufaransa haiingii vitani. Kaiser akafurahi kupita kiasi! Akamgeukia Moltke, basi jeshi lote tulipeleke mashariki. Moltke akajibu haiwezekani, jeshi la watu milioni halipangwi upya kwa usiku mmoja, ukiligeuza sasa hivi utabaki na kundi la watu wenye bunduki wasio na chakula. Kaiser akakasirika, akatoa amri divisheni ya 16 isiingie Luxembourg. Na hapo tayari kuna askari walishavuka na kushika stesheni ya Troisvierges, ikabidi waambiwe warudi! Usiku sana ikaja telegramu ya mfalme George kueleza kwamba kulikuwa na kutoelewana, hakuna ahadi kama hiyo, Kaiser akamwachia Moltke afanye anavyotaka. Moltke alitoka kwenye kikao kile cha jioni amevunjika kabisa, na waliomfahamu walisema hakurudi kuwa mtu yuleyule.

Na hapa kuna jambo la kuwakasirisha wote. Mpaka mwaka mmoja nyuma Ujerumani walikuwa nayo plani ya mashariki. Kila mwaka maofisa waliiandaa sambamba na ile ya magharibi, na 1913 Moltke huyohuyo akaamua kazi hiyo isimame, wabaki na moja. Kwahiyo alipomwambia Kaiser haiwezekani alikuwa anasema ukweli, ila ni ukweli alioutengeneza yeye mwenyewe. Hata hivyo baada ya vita wapo maofisa wa reli waliobisha, wakasema sehemu kubwa ya treni zingeweza kugeuzwa kwa siku chache. Mimi nawaamini hao wa reli.

Kichuguu77:

Aisee, hii ya kufuta plani ya pili 1913 sikuwahi kuisikia popote, asante sana BintiWaRamani.

Sasa niulize na upande wa pili. Tunamzungumzia Mjerumani kana kwamba ndo peke yake alikuwa na plani, Mfaransa je? Joffre naye alikuwa na ile Plani ya 17, ilikuwaje akapigwa vile mwezi mzima wa Agosti halafu Septemba akaamka?

LuteniUsu:

Plani ya 17 kwa sehemu kubwa ilikuwa ni mpangilio wa wapi jeshi likusanyike, majeshi matano kando ya mpaka wa mashariki, halafu kushambulia kuelekea Lorraine na Ardennes. Roho yake ilikuwa ni kushambulia, ukiwa na mori wa kutosha utapenya. Askari walikwenda na suruali nyekundu na makoti ya bluu mbele ya bombomu na mizinga ya kisasa. Tarehe 22 Agosti peke yake Wafaransa waliuawa kama 27,000. Siku moja hiyo mkuu. Kuna vijiji vya Ufaransa ambavyo vijana wake wa rika moja waliisha kabla vita haijatimiza mwezi.

Kosa la kipelelezi lilikuwa hili, Wafaransa walijua Mjerumani anaweza kupita Ubelgiji, hawakuwa vipofu, ila walipiga hesabu kwamba hana askari wa kutosha kufika mbali magharibi ya mto Meuse maana waliamini askari wa akiba hawatawekwa mstari wa mbele. Mjerumani akawaweka. Lanrezac wa Jeshi la Tano akawa anapiga kelele kwamba kuna wimbi kubwa linakuja ubavuni kwake, hakusikilizwa mpaka likafika, na mwanzoni mwa Septemba akafukuzwa kazi juu yake.

Ila Joffre nampa heshima yake kwenye kitu kimoja. Plani ilipovunjika hakuing'ang'ania. Alikula vizuri, akalala vizuri, akafukuza majenerali makumi kwa makumi, akazunguka na gari kuongea na makamanda wake uso kwa uso, akaanza kupanga upya akiwa anarudi nyuma. Moltke amekaa Luxembourg anasubiri simu. Tofauti hiyo ndo inanifanya niseme mtu ana nafasi yake, siyo reli peke yake.

Mzee wa Behewa:

Nakubali, ila hayo aliyoyapanga upya aliyapanga kwa treni 😀

Na zile teksi za Paris ambazo kila mtu anazijua, teksi kama 600 za Gallieni, kamanda wa kijeshi wa Paris, zilizobeba askari wapatao 6,000, ni habari nzuri na iliwapa watu moyo sana, lakini wengi wa waliopigana upande ule walifika kwa reli au kwa miguu. Msizitoe teksi kwenye historia ila msiziweke mbele ya behewa.

Mrima_01:

Wakuu mmeongea vizuri sana ila mmekaa Ulaya tu, na vita hii ilianza na huku kwetu mwezi uleule wa Agosti. Tena hoja ya Mzee wa Behewa inathibitika hapahapa Tanga.

Vita inaanza, Afrika Mashariki ya Wajerumani haina plani moja. Gavana Schnee anataka koloni likae nje ya vita, anategemea ule mkataba wa Berlin wa 1885 uliotoa nafasi ya makoloni ya eneo la bonde la Kongo kutoshiriki. Lettow-Vorbeck, kamanda aliyefika Januari 1914 tu, anawaza kinyume kabisa. Anajua hana uwezo wa kushinda, ana askari kama 2,500 na Wazungu 260 hivi, hesabu yake ni kwamba kila askari wa Uingereza atakayelazimika kuletwa huku ni askari ambaye hayupo Ulaya. Basi ampige karibu na reli ya Uganda ili Mwingereza asiweze kumpuuza. Tarehe 8 Agosti meli Astraea inapiga mnara wa redio Dar es Salaam, maafisa wa gavana wanakubaliana na Waingereza kwamba Dar na Tanga zisiguswe, Lettow anawaka kwa hasira, tarehe 15 anaichukua Taveta.

Novemba sasa. Waingereza wanaleta jeshi kutoka India, watu kama 8,000 chini ya Meja Jenerali Aitken, wengi wamekaa melini wiki nyingi, wamechoka na wanaumwa kichefuchefu, hawajawahi kufanya mazoezi pamoja. Tarehe 2 meli Fox inatangulia bandarini Tanga, nahodha wake Caulfeild anamwita mkuu wa wilaya, Auracher, anamwambia makubaliano yale yamevunjwa, salimisha mji. Auracher akaomba muda wa kuwasiliana na wakubwa. Akapewa! Alishuka, akatuma taarifa kwa Lettow, akavaa gwanda.

Hapo Tanga palikuwa na kombania moja tu. Lakini kuna reli ya Usambara, kilomita kama 350 mpaka Moshi, na Lettow yuko kule Moshi. Akaanza kuzishusha kombania moja baada ya nyingine kwa treni. Waingereza wanashuka Ras Kasone kwenye mikoko na matope, wanapanga mizigo, siku inapita, na kila baada ya muda treni inaingia na askari wapya. Tarehe 4 shambulio kuu linaanza mchana, upande wa Lettow ana kama watu 1,000, wanane kwa mmoja. Nyuki wakaingia kwenye vita, walipiga pande zote mbili, si kweli kwamba walikuwa wa Mjerumani. Baadhi ya vikosi vya Kihindi vilivunjika, vingine pamoja na Waingereza wa Lancashire waliingia mpaka mjini wakapigana nyumba kwa nyumba kabla ya kurudishwa. Tom von Prince, yule wazee wetu walimwita Bwana Sakarani, aliuawa siku hiyo. Tarehe 5 Aitken akapakia watu wake melini akaondoka, hasara yake ni zaidi ya watu 800, wafu, majeruhi na waliopotea.

Mzee wa Behewa, hiyo si Marne ndogo? Mmoja anashuka kwenye treni, mwingine anatembea kwenye tope.

Kichuguu77:

@Mrima_01 ni Marne kabisa. Hivi huyu Aitken alikuwa na jeshi mara nane, kwanini hakutanguliza doria hata ya saa mbili ajue nani yuko mbele?

Mrima_01:

Dharau mkuu. Aliamini askari weusi hawatamsimamia mbele ya jeshi la kawaida. Maofisa wa KAR (King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki) waliokuwa wanamjua askari wa upande wa pili, kwa kuwa walishawahi kumwona akifanya kazi, walijaribu kumwonya na kumpa kikosi chao kimsindikize, akakataa. Hakufanya upelelezi wa maana wala hakutumia mizinga ya meli ipasavyo. Wale askari wa Lettow walikuwa Wanyamwezi, Wasukuma na wengineo, wamefundishwa bombomu vizuri, wanalijua eneo, na hawakukimbia.

Na naomba tusiishie kwenye kumsifia Lettow. Plani yake ya kuifanya vita ikae muda mrefu ilifanikiwa, alisalimu amri Abercorn tarehe 25 Novemba 1918, wiki mbili baada ya Ulaya kumaliza. Lakini bili ya plani hiyo walilipa wapagazi. Mzee wa Behewa kasema plani inafia reli inapoishia, huku reli ilipoishia hawakuweka farasi maana mbung'o walimaliza wanyama, waliweka watu. Pande zote mbili zilichukua wapagazi kwa malaki, wengi kwa nguvu, na makumi ya maelfu walikufa kwa kuhara, malaria na njaa wakibeba chakula cha wengine. Hiyo hesabu ya tani 900 kwa siku ya Kluck, huku ilikuwa juu ya vichwa vya babu zetu.

BintiWaRamani:

Mrima asante kwa hilo, na limesemwa mahali pake.

Naongeza moja tu ya Austria ili mleta mada awe na picha kamili. Conrad, mnadhimu mkuu wao, alikuwa na plani nzuri kwa kuitazama: kundi moja kwa ajili ya Serbia, kundi kubwa kwa ajili ya Urusi, na kundi la tatu, Jeshi la Pili, la kwenda popote litakapohitajika. Akalipeleka Serbia. Tarehe 31 Julai ikawa wazi kwamba Urusi inaingia, akataka kuligeuza liende Galicia, jimbo la Austria linalopakana na Urusi, watu wa reli wakamwambia ukigeuza sasa hivi njia zote zitaziba, bora liende mpaka lifike, lishuke, halafu lipakiwe upya. Ndivyo ilivyofanyika. Jeshi zima likasafiri mpaka Danube na Sava, likakaa pale wakati wenzao wanapigwa na Waserbia mlima Cer, kuanzia tarehe 18 Agosti sehemu kubwa yake ikaanza kupakiwa tena kwenda kaskazini. Lilianza kufika Galicia mwishoni mwa Agosti, vita ya kule imeshaharibika, na tarehe 3 Septemba Warusi wakaingia Lemberg, mji mkuu wa Galicia.

LuteniUsu:

Hiyo ya Conrad ni upande wangu jamani. Reli ilikuwepo, treni zilikuwepo, aliyekosea ni aliyezielekeza. Mzee wa Behewa hapo unasemaje?

Mzee wa Behewa:

Nasema ukimpa Conrad njia mbili za reli zaidi kuelekea Galicia, kosa lake linarekebishika kwa siku nne. Alikuwa na reli chache kuliko Mrusi upande ule ule aliodhani Mrusi atachelewa. Kesho nikitulia nitaleta habari ya reli za Urusi zilizojengwa kwa mikopo ya Ufaransa, maana Schlieffen alipiga hesabu ya Mrusi wa 1905 na aliyekuja 1914 alikuwa mwingine.